Daftari la Mahudhurio

Kulabu za makoti bado zipo ukutani,
zimepigiliwa chini, usawa wa kiuno changu,
kwani waliozitumia walikuwa wa miaka mitano.
Siku hizi tunatundika aproni za plastiki
na bakora ya Mzee Bremner.

Hii ilikuwa shule ya msingi, mjini Wick,
kaskazini kabisa mwa Uskoti, ambako Desemba
jua linaaga saa tisa na nusu alasiri
kama karani aliyechoshwa na foleni.
Mwaka wa mwisho ilibaki na watoto kumi na mmoja.
Halmashauri ikakaa, ikahesabu, ikafunga.
Jengo likalala miaka miwili, likaamka na vitanda.
Darasa la tatu: chumba cha sita hadi cha tisa.
Maktaba: dawa.
Uwanja: maegesho, na chini ya magari
miraba ya kurukia kwa mguu mmoja,
rangi yake ya njano haijakubali kufutika.

Mimi ni Mghoi. Kule Mwatate nilikuwa na gredi ya nne,
wanafunzi themanini na saba, madawati ishirini na mawili,
na sauti iliyofika nyuma bila kupaazwa.
Hapa nilifunzwa siku tatu
namna ya kumwinua mtu nisivunjike mgongo.
Cheti cha ualimu kiko chini ya godoro;
wakala alikitazama, akasema, "Kizuri,"
akauliza kama ninaiweza kazi ya usiku.

Sista Lissy wa Kerala, Tamuno wa Port Harcourt,
mpishi wetu Mfilipino anayeimba akimenya viazi:
tumeijaza zamu
katika mji ambao vijana wake wanajaza zamu za kwingine.
Mabinti wa Bremner wako Perth, ile ya Australia.
Mjukuu wa chumba cha saba yuko kwenye mafuta, Alberta.
Kila mmoja amesogea akaacha nafasi, mwingine akasogea,
kama tunavyosogea kwenye benchi la zahanati.
Mwisho wa benchi sijui amekaa nani.

Mgeni njoo, mwenyeji apone, walisema.
Nyumbani kwa mgeni anapona nani, hawakusema.

Saa tisa usiku Bi Gunn huamka.
Alifundisha humu miaka thelathini na minne,
na kitanda chake kipo palipokuwa na ubao.
Hukaa wima, hukohoa kidogo,
hufungua daftari lisilokuwepo.
"Ailsa Swanson."
Kimya. Joto linagonga ndani ya mabomba.
"Murdo Bain."
Kimya.
"Hector Cormack."
Usiku wa kwanza nilimlaza. Wa pili nilimpa maji.
Usiku wa tatu, jina la nne, nikasema, "Nipo."
Akanitazama juu ya miwani ambayo hakuivaa.
"Umechelewa," akasema. "Kaa."
Nikakaa.

Simu ikatetemeka mfukoni. Kule ni saa kumi na mbili asubuhi,
Wakesho wangu, sare tayari, kazi ya nyumbani bado:
"Mama, hii ya kugawanya naifanyaje?
Yule mwalimu wa kujitolea ameenda Qatar."
Nikaandika nyuma ya karatasi ya zamu:
themanini na saba, mstari, tatu.
Bi Gunn akaninyang'anya kalamu.
Mkono uliosahau kijiko haukusahau njia:
mbili, baki mbili, shusha saba, tisa.
Ishirini na tisa.
Nikaitazama ile namba kuliko ilivyohitaji kutazamwa.
Ishirini na tisa ni watoto unaoweza kuwajua
hadi yupi hakunywa chai.

Nikaipiga picha, nikaituma, miandiko yote miwili.
"Huyo nani anaandika kama mtetemeko?" binti akauliza.
Nikamjibu: mwalimu wa zamu.

Saa kumi kasoro robo, karatasi inadai:
ageuzwe ubavu wa kushoto.
Nikamgeuza, amekwisha kulala, mwepesi kama koti.
Kwenye safu ya mhudumu nikaandika jina langu,
na kwa mara ya kwanza tangu nifike
mwandiko ulitoka mkubwa, wa duara,
ule wa ubaoni.